Nekoye na Filamu Tatu kwa Tiketi Moja

Kila Jumamosi asubuhi, jua linapotokeza upande wa mashamba ya viazi ya Dundori, Nekoye alianza kazi zote za nyumbani kwa mpigo mmoja, na kwa kawaida hakumaliza hata moja. Jumamosi hii haikuwa tofauti. Alifungua mfereji wa uani ili ajaze ndoo. Ndoo haijafika nusu, akakumbuka sare za shule, akaziloweka. Sare hazijashika maji vizuri, akakumbuka uji mekoni, akakimbia jikoni, akaukoroga mara moja kwa heshima, kisha akatoka tena kuona paka wa jirani alikuwa akipigana na nani. Matokeo ni kwamba uji ulifurika, ndoo ilifurika, na paka walitawanyika kabla Nekoye hajajua nani ameshinda.

"We Nekoye!" Mama aliita kutoka ndani. "Huu ni uji ama ni makaa?"

"Nakuja, Mama!" alijibu Nekoye, huku akielekea upande mwingine kabisa.

Alikuwa na umri wa miaka kumi na miwili, na katika maisha yake yote hakuna jambo alilokuwa amelitazama hadi mwisho. Kitabu cha hadithi alisoma ukurasa wa kwanza na wa mwisho, akadai kwamba ya katikati ni maelezo tu. Chakula alikula amesimama. Shuleni, Mwalimu Ogada alimhamishia kwenye dawati la mbele kabisa, si kwa sababu ya macho yake bali kwa sababu ya miguu yake.

Hata hivyo, siku hiyo alikuwa na sababu nzuri ya kutotulia. Rafiki yake Sapna alikuwa anasherehekea siku ya kuzaliwa, na mama yake Sapna, ambaye watoto wote walimwita Anti Madhu, alikuwa amewaalika Nekoye na kaka yake Wanyonyi kwenda kutazama filamu. Si filamu ya kwenye simu yenye ufa. Walikuwa wanakwenda katika jumba jipya la sinema lililo ndani ya duka kubwa nje ya mji, lenye kumbi tatu, viti vya kuzama na bisi zenye siagi.

Tatizo lilikuwa mguu wa Wanyonyi. Wiki iliyotangulia alipanda juu ya banda la kuku kutafuta mpira, na paa la banda likakataa kumbeba kijana wa miaka kumi na minne. Sasa mguu wake wa kulia ulikuwa umefungwa plasta kuanzia kwenye paja hadi vidoleni, na viti ambavyo Anti Madhu alikuwa ameagiza vilikuwa juu kabisa, baada ya ngazi nyingi, kwa hiyo yeye angebaki nyumbani.

Nekoye alimkuta ameketi kwenye benchi la sebuleni, mguu juu ya kigoda, amevaa koti lake la mvua la manjano. Nje hakukuwa na wingu hata moja.

"Sasa wewe, umevaa hilo la nini?" Nekoye aliuliza.

"Keti."

"Nakusikia nikiwa nimesimama."

"Keti, Neki. Ni jambo kubwa."

Nekoye aliketi kwenye ncha ya kiti, tayari kuruka.

Wanyonyi aliinama, akazungumza kwa sauti ya mtu anayetoa siri za serikali. "Unakumbuka likizo ile nilipokaa kwa mjomba Masinde kule Kamere, kando ya ziwa?"

"Ile uliyorudi ukinuka samaki?"

"Wacha zako. Siku moja mjomba alinipeleka Ndabibi. Tukakuta watu wa filamu wanarekodi mashindano ya magari. Walikuwa wanataka umati wa watu wa kusimama kando ya barabara. Mimi nikasimama. Filamu yenyewe ndiyo hii mnaenda kuona leo, *Vumbi la Ndabibi*."

Nekoye aliruka. "Manze! Wewe uko kwenye filamu?"

"Hapo ndipo penye shida. Sijui. Mtu wa kamera aliniambia huenda wakaacha kipande changu, na huenda wakakikata. Nimengoja miezi yote hii." Alishika ukosi wa koti. "Nilikuwa nimevaa hili. Ni mwishoni kabisa, kabla gari la mwisho halijamaliza. Kuna kitu nilifanya."

"Kitu gani?"

"Sikuambii. Utaniambia wewe. Ukirudi ukiniambia nilifanya nini, nitajua kwamba kweli nipo. Sijamwambia mtu yeyote, hata Mama. Utanitazamia?"

"Nitakutazamia."

"Mpaka mwisho?"

"Si nimesema!" Nekoye alijibu, naye alimaanisha kila neno. Wakati huo uji wa pili ulikuwa unafurika.

*

Jumba la sinema lilikuwa na ushoroba mrefu wenye zulia jekundu, na katika ushoroba huo kulikuwa na milango mitatu. Kijana mmoja aliyevaa fulana nyeusi, jina lake Kibii likiwa limeandikwa kifuani, alikagua tiketi mwanzoni mwa ushoroba. Baada ya hapo hakuna aliyekagua chochote. Nekoye aliligundua hilo kabla bisi zake hazijapoa.

Katika ukumbi wa kwanza palikuwa na katuni ya punda aliyetaka kuwa rubani. Katika ukumbi wa pili, *Vumbi la Ndabibi*. Katika ukumbi wa tatu, filamu ya kutisha kuhusu bibi arusi asiyetoka kisimani.

"Kwa hivyo," Nekoye alimnong'oneza Sapna walipoketi, "mtu mwenye akili anaweza kufaidi zote tatu."

"Mtu mwenye akili anaweza kuketi," Sapna alinong'ona. "Inaanza."

Filamu ilianza vizuri. Msichana mmoja fundi wa magari aliliunda upya gari la marehemu baba yake ili ashiriki mashindano. Nekoye alitazama kwa makini. Kisha msichana akaanza kuzungumza na mama yake kuhusu mambo ya moyo, wakazungumza, wakaendelea kuzungumza, na goti la Nekoye likaanza kuchezacheza. Alikula bisi zake. Alikula na za Sapna. Alikunywa soda yote. Alifikiria punda. Je, alikuwa ameshapaa? Hakuna aliyejua. Hili lilimsumbua kuliko linavyoweza kuelezwa.

"Sapna," alisema, "tumbo linaniuma. Naenda msalani."

"Pole! Nikusindikize?"

"La, la, wewe tazama."

Alipita mbele ya magoti ya watu wote wa safu ile, akashuka ngazi, akaingia ukumbi wa kwanza. Punda alikuwa juu ya paa amejifunga mbawa za mabati. Ilichekesha sana. Kabla punda hajaruka, Nekoye alifikiria kisima. Akatoka. Katika ukumbi wa tatu mkono mweupe ulikuwa unapanda ukingo wa kisima, kidole kimoja kimoja, na Nekoye akafumba macho. Alipoyafumbua, mkono haukuwepo. Ulikuwa umekwenda wapi? Hakungoja kujua. Akarudi kwa punda, lakini punda alikuwa amekwisha kuanguka na sasa watu wote walikuwa wakilia. Akarudi kisimani, akakuta harusi. Harusi ya nani? Hakuna wa kumwuliza.

Ndipo alipokumbuka koti la manjano. Alisimama ghafla gizani, na mwanga wa tochi ukamwangukia usoni.

"Wewe dada," alisema Kibii kwa sauti ya chini. "Hii ni filamu ya watu wazima. Hebu tiketi yako?"

"Iko kwa... iko kwa Anti."

"Anti yuko wapi?"

"Ukumbi wa pili. Tafadhali, boss, lazima nirudi sasa hivi!"

"Ndipo tunapoenda. Tembea, usikimbie."

Waliingia ukumbi wa pili katikati ya vigelegele. Watu walikuwa wanapiga makofi, wengine wanafuta machozi ya kicheko. Taa ziliwaka. Kwenye skrini majina meupe yalikuwa yanapanda polepole.

Filamu ilikuwa imekwisha.

Sapna alishuka ngazi mbiombio, macho yakimng'aa. "Neki! Umeona? Lile koti la manjano! Yule si Wanyonyi?"

Hapa palikuwa na njia mbili. Nekoye angeweza kusema, "Sikuona, nieleze," na hadithi hii ingekuwa fupi na mama yake angelala mapema. Lakini Kibii alikuwa amesimama nyuma yake na tochi, na Anti Madhu alikuwa anakuja na mabegi.

"Nimeona," alisema Nekoye. "Nilisimama pale mlangoni."

"Nilicheka mpaka mbavu zikauma!"

"Hata mimi," alisema Nekoye, mbavu zake zikiwa salama kabisa.

Ndani ya gari alijaribu kuvua habari. "Wewe Sapna, ulipenda wapi zaidi?"

"Pale pale pa Wanyonyi!"

"Hata mimi. Pale... anapofanya vile."

"Vile tu!" Sapna alisema, akaangua kicheko tena, kisha akaegemea dirisha akasinzia kwa shibe ya keki waliyokula baada ya filamu. Nekoye alibaki ameshika mkanda wa kiti akiukunja na kuukunjua mpaka nyumbani.

*

Wanyonyi alikuwa bado kwenye benchi, bado amevaa koti. Alikuwa amechana nywele.

"Ehe?" alisema.

"Ulikuwepo!" alisema Nekoye.

Wanyonyi alipiga benchi kwa kiganja. "Nilijua! Mama, njoo usikie! Mimi niko kwenye filamu!" Mama alitokea jikoni na mwiko mkononi. "Haya, Neki. Nilikuwa ninafanya nini?"

Nekoye alitazama dari. Watu waliosimama kando ya mashindano ya magari hufanya nini? "Ulikuwa unapunga mkono," alisema. "Hivi. Unacheka na kupunga. Uso wako ulijaa skrini yote."

"Kupunga mkono," Wanyonyi alirudia.

"Ndiyo. Watu walipiga makofi."

"Hakuna kingine?"

"Kingine kama nini?"

"Basi." Wanyonyi alifungua vifungo vya koti kimoja kimoja, akalivua, akalikunja vizuri, akaliweka chini ya benchi. "Basi walikikata. Sikumbuki kupunga mkono, lakini labda nilipunga bila kujua. Kile kingine wamekikata. Asante kwa kunitazamia, Neki."

Alisema asante kwa upole, na huo upole ndio uliokuwa mbaya. Kama angerusha gongo lake la kutembelea, Nekoye angekwepa. Mama alimtazama mwanawe, akamtazama binti yake kwa muda mrefu zaidi, kisha akarudi jikoni.

Jioni hiyo Nekoye alikula ameketi, na hakuna aliyeshangaa isipokuwa yeye mwenyewe. Kila alipogeuka aliona pindo la koti likitokeza chini ya benchi.

*

Asubuhi iliyofuata alikimbia hadi kwa akina Sapna, waliokaa ghorofani juu ya duka lao la vitambaa. Sapna alikuwa anakula chapati za paratha barazani.

"Nieleze kuhusu Wanyonyi," Nekoye alisema akihema. "Alifanya nini?"

"Si uliona?"

"Nieleze tu."

"Gari la yule msichana linakwama kwenye tope," alisema Sapna. "Umati wote unatazama tu. Halafu mtu mmoja wa koti la manjano anatoka, peke yake, anasukuma. Anasukuma, wengine wanaanza kuja kumsaidia, gari linachomoka, na yeye anaanguka kifudifudi ndani ya tope, pwaaa! Anainuka uso mzima ni matope, ni meno tu yanaonekana. Bila yeye msichana hangemaliza mashindano." Sapna aliacha kutafuna. "Neki. Hukuona?"

Nekoye alitikisa kichwa.

"Ulikuwa wapi? Ulisema unaumwa na tumbo! Mimi nilikuombea!"

"Nilikuwa kwa punda. Na kisimani."

Anti Madhu, aliyekuwa akianika nguo upande wa pili wa baraza, aliweka vibanio chini. "Nekoye, kaka yako anafikiri nini sasa?"

"Anafikiri wamemkata. Nilimwambia alipunga mkono. Anti, si Sapna aende amwambie? Yeye anaeleza vizuri kuliko mimi."

"Sapna hakumwambia jambo lolote jana," alisema Anti Madhu. "Wewe ndiye uliyemwambia. Nenda wewe."

"Atanichukia."

"Atakasirika. Ni haki yake. Lakini kila saa unayokaa hapa, kijana wa watu yuko kule akiamini uongo wako. Nenda, beti."

Alipokuwa mdogo, Nekoye alifikiri beti ni jina lake jingine. Sasa alijua maana yake ni binti, na kwa sababu hiyo aliona aibu zaidi. Alirudi nyumbani akitembea, jambo ambalo majirani walilizungumzia baadaye.

Wanyonyi alikuwa akisoma gazeti la zamani. Nekoye aliketi mbele yake, akaketi kwelikweli, mgongo ukigusa kiti.

"Sikukuona," alisema. "Nilitoka nikaenda kumbi nyingine. Niliporudi taa zilikuwa zimewaka. Ile ya kupunga mkono nilitunga."

Wanyonyi alishusha gazeti polepole.

"Lakini upo!" Nekoye aliharakisha. "Hawajakata! Sapna aliona. Ulisu..."

"Nyamaza!" Wanyonyi aliinua kiganja. "Usiniambie."

"Lakini..."

"Nimekwambia usiniambie. Ulichohadithiwa na Sapna hujakiona wewe." Ilikuwa vigumu kujua kama ni hasira au furaha, kwa kuwa zote mbili zilikuwa zinagombea uso mmoja. Hasira ikashinda kwanza. "Unajua ungeweza kusema tu hukuona? Ningekutukana kidogo, tukala, tukalala. Lakini mimi nimekesha nikijua kwamba walinitazama wakaona sifai. Nilikuwa nataka Mama achukue lile koti awashie jiko!"

"Pole, Wanyo."

"Pole yako uiweke hapo. Bado sijaamua."

Hakusema naye mpaka jioni, na hata hapo alisema tu, "Nipe chumvi."

*

Anti Madhu ndiye aliyegundua njia. Alipiga simu kule sinema akaambiwa kwamba mbele kabisa kuna safu isiyo na ngazi, na kwamba filamu ingeonyeshwa kwa wiki moja zaidi. Mama aliahirisha kununua pazia jipya la mlango ili alipe tiketi. Jumamosi iliyofuata wakaenda watatu: Mama, Wanyonyi na magongo yake, na Nekoye. Koti la manjano lilikwenda pia, juu ya mabega ya mwenyewe.

Mlangoni Kibii alikagua tiketi, akamtambua Nekoye. "Dada, leo unazuru kumbi ngapi?"

"Moja," alijibu Nekoye, akitazama zulia.

Safu ya mbele haikuwa na kigoda cha kuwekea mguu uliofungwa plasta. Mama alitazama huku na huku, akatabasamu kidogo. "Nekoye, keti hapo. Wanyonyi, mwekee mguu mapajani."

"Mama! Ni mzito!"

"Ndiyo maana."

Kwa hiyo Nekoye Makokha, ambaye hakuwahi kutulia hata kanisani, alitazama filamu nzima akiwa amebanwa na mguu wa kaka yake kama debe lililowekewa jiwe. Goti lilitaka kucheza, likashindwa. Yule msichana fundi alipoanza kuzungumza na mama yake, hapakuwa na pa kukimbilia, ikabidi Nekoye asikilize. Ndipo akajua kwamba mama huyo alikuwa ameficha ufunguo wa gari kwa hofu ya kumpoteza mtoto kama alivyompoteza mume. Bila kipande hicho, mashindano yote yalikuwa kelele tu. Nekoye alijikuta anafuta macho kwa kiganja chenye siagi.

Kisha likaja tope. Gari likazama. Umati ukasimama ukitazama, na kutoka kando ya skrini kikatokea kitu cha manjano. Kilisukuma. Kiliteleza, kikasukuma tena, na watu wengine wakaona haya, wakaja. Gari likachomoka. Wanyonyi akaenda chini, uso kwanza, pwaaa, akainuka na meno meupe katikati ya matope, na ukumbi mzima ukalipuka kwa kicheko na makofi.

Nekoye alicheka mpaka mbavu zikauma, kwelikweli safari hii. Alipogeuka, aliona kwamba Wanyonyi hakuwa anatazama skrini. Alikuwa anamtazama yeye.

"Haya," Wanyonyi alinong'ona. "Nilifanya nini?"

"Ulisukuma gari," Nekoye alijibu. "Watu wote wamesimama tu, wewe ukatoka peke yako. Halafu ukaanguka kama gunia la viazi."

"Kama gunia?"

"La viazi. Vya Dundori."

Wanyonyi aliegemea kiti, akafumba macho kwa raha. "Sasa nipo," alisema.

Taa ziliwaka. Watu walianza kutoka. Miguu ya Nekoye, kwa mazoea ya miaka mingi, ilianza kujiandaa, lakini Mama alimwekea mkono begani.

"Unajua kwa nini Jumamosi ile uliniuma?" alisema Mama. "Si kwa sababu ya sinema. Mtu anaweza kukosa sinema akaishi. Kaka yako hakuweza kuja, akakupa macho yake uende nayo. Wewe ukayatupa huku na huku ukisema unafaidi. Kutoka kumbi tatu ulileta nini nyumbani? Nusu ya punda, na mkono wa kisimani. Na ulipoona huna cha kuleta, ukaleta uongo. Siku nyingine ukikosa kitu, sema umekosa. Na ukiwa mahali, mwanangu, kuwa hapo."

"Ndiyo, Mama."

"Haya. Twendeni."

"Mama, ngoja kidogo," alisema Nekoye.

Kwenye skrini majina yalikuwa bado yanapanda, madogo na mengi, na mfagiaji alikuwa amesimama pembeni na ufagio wake akiwasubiri. Ya waigizaji yakapita. Ya madereva yakapita. Ya wapishi na washika taa yakapita. Mguu wa Wanyonyi ulikuwa umemtia ganzi mapaja yote mawili, na soda ilikuwa inadai haki yake, lakini Nekoye hakusogea. Mwishoni kabisa, kabla skrini haijawa nyeusi, ukatokea mstari mmoja: *Asanteni, wakazi wa Ndabibi, na kijana wa koti la manjano.*

Zaidi ya wao watatu na mfagiaji, hakuna mtu aliyeuona. Wengine wote walikuwa wamekwisha kutoka.